Jini, Kinu na Kitumba: Safari ya Maneno Adimu ya Kiingereza katika Nchi ya Pamba

Mfasiri akikutana na neno la Kiingereza asilolijua kabisa, hufungua kamusi, na aghalabu kamusi humpa jibu. Taabu huanza akikutana na neno analodhani kwamba analijua. Maneno ya namna hiyo yamejaa katika hati za biashara ya pamba: ‘gin’, ‘lint’, ‘boll’, ‘bale’, ‘square’, ‘staple’, ‘tare’. Ni mafupi, na karibu kila moja lafanana kwa sura au kwa sauti na neno jingine la kawaida ambalo mwanafunzi wa sekondari alikwisha kulikariri. Hata msomaji mzuri wa Kiingereza huyapita bila kusita, na hapo ndipo anapojikwaa. Katika makala hii tunakusudia kufuata safari ya baadhi ya maneno hayo katika nchi ya Bariadi na mkoa wa Simiyu kwa jumla, ambako yameishi kwa miaka mingi katika vinywa vya watu ambao wengi wao hawakupata kusoma Kiingereza.

Mkoa wa Simiyu ni mchanga kwa umri. Uliundwa mwaka 2012, makao yake yakiwa Bariadi, kwa kuzikata wilaya za upande wa mashariki wa Shinyanga na kuongeza Busega iliyotoka Mwanza. Lakini kilimo cha pamba cha huko si kichanga, na mkoa huu ndio uliokuja kuongoza nchini kwa zao hilo. Lugha ya wenyeji ni Kisukuma, na pamba kwa Kisukuma ni buluba. Kwa hiyo istilahi ya pamba ilisafiri hatua mbili kabla ya kumfikia mkulima: kwanza kutoka Kiingereza cha waraka hadi Kiswahili cha karani, kisha kutoka Kiswahili cha karani hadi Kisukuma cha shambani. Katika kila hatua kitu fulani kilidondoka, na wakati mwingine kitu fulani kiliongezeka.

Yafaa tukumbuke pia kwamba hakuna lugha kati ya hizo mbili za kwanza iwezayo kujigamba kuwa na neno lake la asili. ‘Cotton’ la Waingereza limetoka kwa Waarabu, wasemao ‘qutn’; pamba letu limetoka kwa Waajemi. Biashara ya pamba ni ya kale kuliko mipaka ya lugha zetu, na kila taifa lililoigusa lilichukua jina kutoka kwa yule aliyeuza.

Tuanze na ‘gin’. Neno hili la mashine ya kutenganisha nyuzi na mbegu si lingine ila ni kifupi cha ‘engine’ lililokatwa kichwa. Halina uhusiano wowote na kinywaji kikali chenye jina hilo hilo, ambacho kilipewa jina kutokana na mti fulani wenye vitunda vinavyokitia harufu. Yote mawili hutamkwa ‘jin’. Sasa mtazame mtu aliyefundishwa kusoma kwa Kiswahili, ambamo herufi g haibadiliki kamwe, akisimama mbele ya kibao kilichoandikwa ‘Ginnery’. Atasoma ‘gineri’, kwa g ya gari na gunia. Na akiambiwa kwamba amekosea, atauliza mbona ‘girl’ na ‘give’ hutamkwa kwa g hiyo hiyo. Swali lake ni la haki, na Mwingereza hana jibu la kanuni. Ana jibu la mazoea tu. Aliyelipata neno kwa sikio atasema ‘jineri’, na kwa ulimi uliolelewa katika Kisukuma, ambacho hakina r, atasema ‘jineli’. Hivyo neno moja huweza kuwa na sura tatu, na sura zote tatu zina sababu.

Kuna kichekesho kidogo hapa kwa wapenda lahaja. Kisukuma chenyewe hugawanyika juu ya sauti hizi. Kiambishi kitajacho lugha, ambacho upande wa magharibi ni ki-, kwa watu wa Ntuzu, yaani Bariadi, ni gi-, nao huiita lahaja yao Ginantuzu. Upande wa kusini-mashariki ni ji-, na lahaja huitwa Jinakiiya. Ubishi wa g na j haukuletwa na Waingereza peke yao.

Wafasiri wa Kiswahili hawakulichukua ‘gin’ kama lilivyo, na tunaona walifanya vyema. Lau wangaliandika ‘jini la pamba’, kila msomaji angelitaka kujua jini hilo limepandishwa na mganga gani. Waliandika kinu cha kuchambulia pamba, na jengo zima likawa kiwanda cha kuchambua pamba. Ni maneno marefu, na mtu wa mtaani huendelea kusema jineri kwa kuwa ni fupi. Lakini yana faida ambayo neno la mkopo halina, yaani humwambia msikilizaji kazi inayofanyika. Kuchambua ni kuondoa kisichotakiwa katika kinachotakiwa: mbegu katika pamba, takataka katika mboga. Ni baadaye tu neno hilo lilipoazimwa na wasomi, na leo mwalimu wa fasihi azungumzapo juu ya uchambuzi wa riwaya, anatumia chombo kilichotoka kwenye kazi ya mikono.

Waingereza wanalo pia neno ‘churka’, adimu sana, ambalo ni jina la kinu kidogo cha mkono cha Kihindi chenye magogo mawili yanayozungushwa. Msomaji wa maandishi ya kale ya pamba atalikuta, na pengine atalitamka kwa shida. Hana haja ya kuhangaika. Shina lake ni neno la Kiajemi lenye maana ya gurudumu, na ndilo lililotupatia cherehe ya kunolea visu na cherehani ya fundi nguo. Kinu cha magogo ni cha kale kuliko kile cha misumeno ambacho Mmarekani Eli Whitney alikibuni mwaka 1793. Na vinu vya Tanganyika kwa sehemu kubwa vilifuata mtindo wa magogo, ambao hauzikati nyuzi ovyo. Kwa hiyo mfasiri anayekuta ‘roller gin’ na ‘saw gin’ katika waraka mmoja asidhani kwamba mwandishi anatafuta madoido tu. Ni mashine mbili tofauti, na tofauti yake huonekana katika pamba itokayo.

Hadi hapa madhara ya kukosea ni madogo. Mtu atachekwa, basi. Tukija kwenye ‘lint’ mambo hubadilika, kwa sababu hapa kosa la tafsiri huingia katika mfuko wa mkulima.

Mkulima wa Bariadi akivuna, hupeleka sokoni kitu ambacho Waingereza hukiita ‘seed cotton’: nyuzi pamoja na mbegu zilizomo. Kinu hukigawanya kitu hicho mara mbili. Nyuzi zilizotenganishwa ni ‘lint’. Mbegu zilizobaki ni ‘cottonseed’. Katika Kiswahili cha biashara maneno yaliyokubalika ni pamba mbegu kwa kitu cha kwanza, pamba nyuzi kwa cha pili, na mbegu za pamba kwa cha tatu. Tazama jinsi cha kwanza na cha tatu vinavyokaribiana. Katika Kiingereza ni suala la neno lipi litangulie; katika Kiswahili ni kiunganishi kimoja tu kinachotenga pamba mbegu na mbegu za pamba, na kiunganishi huanguka kwa urahisi katika vichwa vya habari, katika majedwali, na katika mazungumzo ya haraka. Lakini bei za vitu hivyo viwili haziko karibu hata kidogo.

Kubwa zaidi ni kuchanganya pamba mbegu na pamba nyuzi. Soko la dunia hutaja bei ya pamba nyuzi, tena kwa senti za dola ya Marekani kwa ratili moja. Mkulima hutajiwa bei ya pamba mbegu kwa shilingi kwa kilo. Tuseme gazeti la ng’ambo limeandika kwamba ‘lint’ ni senti 80. Kilo moja ni ratili mbili na moja ya tano hivi, kwa hiyo kilo ya nyuzi ni takriban dola 1 na senti 76. Mtu anayeandika tu kwamba ‘pamba ni dola 1 na senti 76 kwa kilo’ hakusema uongo wa hesabu, lakini amesema uongo wa istilahi. Katika kilo 100 za pamba mbegu, nyuzi ni theluthi moja au zaidi kidogo. Zikiwa kilo 35, basi thamani ya nyuzi zilizomo katika kilo moja aliyoibeba mkulima ni kama senti 62, na hapo bado hujaongeza thamani ya mbegu wala hujaondoa gharama za kinu, usafiri, ushuru na faida ya mnunuzi. Mkulima aliyesoma habari ile ataamini kwamba ameibiwa zaidi ya nusu. Au, kinyume chake, mnunuzi mwerevu atautumia mkanganyiko huo kuficha wizi wa kweli. Mwaka 2019, bei elekezi ilipokuwa shilingi 1,200 kwa kilo ya pamba mbegu na wanunuzi wakasitasita kwa kuwa soko la dunia lilikuwa limeshuka, yeyote aliyetaka kupima nani mwenye haki alilazimika kwanza kujua ni pamba ipi inayozungumzwa katika kila upande wa mizani.

Ajabu ni kwamba mkanganyiko huu ulikuwa umetundikwa katika majina ya vyombo vya serikali. Mwaka 1952 Waingereza waliunda bodi ya mauzo iliyoitwa Lint and Seed Marketing Board. Jina hilo lataja vitu viwili, nyuzi na mbegu, na hakuna hata kimoja kati yake anachokiuza mkulima! Kwa Mwingereza wa ofisini jina lilikuwa sahihi, kwani bodi iliuza mazao ya kinu. Kwa mkulima lilisema wazi kwamba bodi huanza kazi pale ambapo yeye amekwisha ondoka. Baada ya uhuru palikuwa na mamlaka ya pamba, kisha bodi ya mauzo, na katika miaka ya 1990, soko lilipofunguliwa kwa wanunuzi binafsi, maneno yale mawili ya Kiingereza yakarudi tena katika jina la bodi. Sheria ya mwaka 2001 ndiyo iliyotuachia jina la Bodi ya Pamba Tanzania. Jina hili ni fupi, na neno pamba, kwa kuwa halichagui, humjumuisha mkulima pia.

Tuongeze jambo moja dogo juu ya mbegu. Zitokapo kinuni, mbegu bado huwa na vijinyuzi vifupi vilivyong’ang’ania ganda, ambavyo Kiingereza huviita ‘fuzz’ au ‘linters’. Mbegu iliyosafishwa kwa ajili ya kupanda huitwa ‘delinted’. Tumeona tafsiri za mezani zilizojaribu kulivunja neno hili kipande kwa kipande, zikapata maneno ambayo hakuna ayatumiaye. Wakati huohuo mabwana shamba na wakulima walikuwa wakisema mbegu zenye manyoya na mbegu zisizo na manyoya, na kila mtu akaelewa. Hatuoni sababu ya kutafuta zaidi.

Neno ‘bale’ hutamkwa ‘beil’, sawasawa kabisa na ‘bail’, ambalo ni dhamana ya mahakamani. Anayefasiri kutoka katika maandishi yuko salama. Anayefasiri kwa mdomo katika mkutano hana kinga ila kuujua muktadha. Kiswahili kinalo robota, na marobota ya pamba ndiyo lugha ya kawaida ya ofisi. Kinalo pia mtumba, ambalo maana yake ya awali ni bunda au furushi la mzigo. Lakini tangu nguo kuukuu za ng’ambo zianze kuja zimefungwa katika mitumba, chombo kimehamia kwenye kilichomo, na leo mitumba ni nguo zenyewe. Kwa kuwa neno la kale limepotea njia hivyo, wachuuzi wamelichukua lile la Kiingereza kwa sikio, wakapata belo. Nao husema belo la mitumba bila kujua kwamba kwa maana ya kale wamesema ‘mtumba wa mitumba’. Hatuwalaumu. Lugha ndivyo ifanyavyo.

Lakini mfasiri wa takwimu asiridhike na robota. Robota ni kipimo kwa mwenye kuuza, na vipimo havilingani. Robota la Tanzania ni la kilo 181, yaani ratili 400 za zamani. Lile la Marekani ni la ratili 480, karibu kilo 218. La India ni kilo 170. Ukikuta kwamba nchi fulani ilivuna marobota 100,000, ukaandika hivyo hivyo na kulinganisha na Tanzania, umelinganisha magunia na vikapu. Ni heri kuandika tani, na kuliacha robota liwe jina la mzigo uliofungwa.

Juu ya ‘staple’ hatutasema mengi. Kwa karani ni pini ya kubania karatasi. Kwa mtaalamu wa lishe ni chakula kikuu. Kwa mfanyabiashara wa pamba ni urefu wa uzi mmojammoja, na ndio unaoamua pamba itafaa nguo ya namna gani. Urefu wa nyuzi latosha. Tufike kwenye ‘tare’, ambalo lina historia chungu zaidi.

‘Tare’ hutamkwa ‘tea’, kama vile ‘tear’ lenye maana ya kurarua. Ni uzito wa gunia tupu, au wa chombo chochote kilichobeba bidhaa, ambao lazima uondolewe ili kupata uzito wa bidhaa yenyewe. Neno hili nalo Waingereza walilipata, kwa kupitia Ufaransa, kutoka katika Kiarabu, ambamo maana ya shina lake ni kutupa. Yaani ni kile kinachotupwa katika hesabu. Ni neno adimu mno, hata walimu wengi wa Kiingereza hawalijui. Lakini katika nchi ya pamba ni miongoni mwa maneno yaliyoleta siasa. Malalamiko ya wakulima wa Jimbo la Ziwa juu ya mizani ya wanunuzi yalikuwa mojawapo ya chemchemi za ushirika: mkulima hakuweza kusoma mizani, hakujua ni kiasi gani kilichokatwa kwa ajili ya gunia, wala hakuwa na neno la kumuulizia mnunuzi. Ushirika uliokua chini ya uongozi wa Paul Bomani, na ambao mwaka 1955 ulijikusanya katika Victoria Federation of Co-operative Unions, ulianza kwa kusimamisha mtu wa mkulima kando ya mizani. Tungependa kuamini kwamba mtu huyo alihitaji maneno kama alivyohitaji macho. Kiswahili chake ni rahisi: uzito wa gunia. Aliyeandika ‘tare’ katika stakabadhi ya mkulima, hata kama hesabu yake ilikuwa halali, alimnyima njia ya kuihakiki.

Hebu sasa tutoke sokoni, twende shambani, ambako maneno ya Kiingereza ni adimu zaidi na ya mkulima ni mengi zaidi. ‘Boll’ ni lile tunda la duara ambalo likikomaa hupasuka na kutoa pamba. Hutamkwa ‘boul’, sawa na ‘bowl’ la bakuli, wala halitamkwi kama ‘ball’ la mpira, ingawa maneno yote hayo hurejea kwenye wazo la kitu cha mviringo. Kiswahili husema tumba, na kwa udogo kitumba. Hapa pana tatizo la kweli la istilahi, kwani tumba katika Kiswahili cha kawaida ni ua ambalo halijafunua, nalo katika Kiingereza cha pamba lina jina jingine kabisa: ‘square’. Ndiyo, neno lile lile la mraba! Huitwa hivyo kwa ajili ya umbo lake likiwa limefunikwa na majani yake madogo. Mfasiri asiyejua ataandika kwamba wadudu hushambulia ‘miraba ya pamba’, na bwana shamba atakayesoma atatafuta miraba shambani asiione. Tunapendekeza tumba la ua kwa ‘square’ na kitumba kwa ‘boll’, na tunaona kwamba matumizi yamekwisha kuelekea huko, kwa kuwa mdudu mkuu wa zao hili hujulikana kama funza wa vitumba.

Jina la funza huyo ni ushahidi mzuri kwamba wakati mwingine Kiswahili hutangulia. Waingereza wa Afrika Mashariki walimwita kwa miaka mingi ‘American bollworm’, yaani funza wa Kimarekani, kwa kumchanganya na ndugu yake wa ng’ambo. Yeye si mtu wa Marekani. Ni mwenyeji wa upande huu wa dunia, na wataalamu wa baadaye wakaanza kumwita wa Kiafrika. Kila kitabu cha Kiingereza kililazimika kusahihishwa. Kiswahili kilichosema funza wa vitumba, bila ya kumpa uraia, hakikuwa na la kusahihisha.

Lakini si kila mahali tulinusurika. Wako funza wengine wawili ambao Kiingereza huwatenga kwa rangi: ‘red bollworm’ na ‘pink bollworm’. Wa kwanza ni wa Kiafrika, na ndiye aliyeifanya serikali kwa miaka mingi kupiga marufuku kilimo cha pamba katika eneo la kusini lipakanalo na Malawi na Zambia, ili asivuke kuja kwenye mashamba ya kaskazini. Wa pili ni mdudu tofauti kabisa, na desturi zake ni tofauti. Sasa, kwa Mswahili wa kawaida rangi hizo mbili zote zaweza kuitwa nyekundu, moja ikiwa imekolea na nyingine imefifia. Mtu akiwaita wote funza mwekundu, ripoti ya kuonekana kwa mmoja yaweza kuleta amri iliyowekwa kwa ajili ya mwingine. Funza mwekundu na abaki kuwa wa kwanza. Wa pili na aitwe funza waridi.

Kwa wadudu waliobaki, hazina ya shambani inatosha, na inapendeza. Mdudu mwekundu anayefyonza mbegu na kuzitia nyuzi madoa, ambaye Waingereza humwita ‘stainer’, ni kangambili. ‘Jassid’, yule mdogo wa kijani anayekunja majani, ni chawajani. Na ni kwa ajili yake kwamba watafiti wa Ukiriguru, kituo kilichoanza katika miaka ya 1930 upande wa Mwanza, walichagua mimea yenye vinyweleo vingi ambayo mdudu huyo haipendi. Mbegu za kituo hicho zilipewa majina ya herufi na tarakimu: UK 77, UK 82, UK 91. Tunawasihi wafasiri wasiandike, wala walimu wasifundishe, kwamba hizo ni mbegu za Uingereza. UK hapa ni Ukiriguru. Mwenye kuzisoma ‘yu-kei’, kwa matamshi ya Kiingereza, ndiye aliyeufungua mlango wa kosa hilo. Tungezisoma kwa herufi zetu, ‘uka’, shaka ingepungua.

Tukirudi kwenye matamshi, haifai tuzungumze kana kwamba ni ulimi wa Msukuma tu unaopotoa maneno ya watu. Kalamu za maofisa nazo zimepotoa ya Wasukuma. Kisukuma kina irabu saba, na alfabeti tuliyoizoea ina tano. Kina sauti za puani zinazotoka na pumzi, ambazo huandikwa mh na nh, na mgeni huzisoma kana kwamba h haipo. Makao ya wilaya ya Meatu ni Mwanhuzi. Ni mara ngapi tumesikia mtangazaji akisema ‘Mwanuzi’? Mtumishi anayepelekwa huko hucheka akisikia ‘jineli’, naye mwenyewe hulitaja vibaya jina la mji anamolala. Makao ya Itilima, Lagangabilili, angalau hayana r ya kugombania.

Neno la mwisho la Kiingereza tutakalolitaja si neno, ni herufi. Kwa muda mrefu mkulima aliuza pamba yake kwa chama cha msingi. Jina hilo lilikuwa tafsiri, na lilikuwa tafsiri njema: chama, kwa sababu ni cha wanachama, cha msingi, kwa sababu vyama vikuu vilijengwa juu yake. Vyama vikuu vilikuja na kuondoka: Nyanza mwaka 1968, kufutwa kwa vyote mwaka 1976, kurudishwa kwake mwaka 1984. Chama cha msingi kiliendelea kueleweka. Kisha sheria mpya zikaleta jina refu la Kiingereza, na herufi zake za mwanzo zikaunda AMCOS. Mwaka 2018, serikali ilipoagiza pamba inunuliwe kupitia vyama hivyo, herufi hizo zikawa katika kinywa cha kila mtu kuanzia Busega hadi Meatu, zikitamkwa ‘amkosi’. Wingi wake ni nini? Wengine husema AMCOS hizi, wengine maamkosi. Tumefunga mlango wa neno lililojieleza lenyewe, tukafungua wa neno ambalo hata mtu ajuaye Kiingereza hawezi kulifasiri bila kuambiwa. Tunaona kwamba Baraza, ambalo tangu mwaka 1967 lina jukumu la kulinda maneno ya namna hii, lina haki ya kuziomba wizara zirejeshe chama cha msingi katika nyaraka zinazomfikia mkulima, hata kama zile za benki zitabaki na herufi zao.

Wala isidhaniwe kwamba maneno husafiri upande mmoja tu. Katika Uganda na Kenya, hati za Kiingereza za pamba zilitaja madaraja mawili ya pamba mbegu kwa maneno ‘safi’ na ‘fifi’: safi kwa pamba nyeupe isiyo na doa, fifi kwa ile iliyochafuka au kufifia rangi. Maofisa wa Kiingereza waliyaandika hivyo hivyo katika taarifa zao, bila ya kuyafasiri, kwa sababu wachaguzi wa pamba walikuwa wakiyatumia na biashara ilikwisha kuyazoea. Msomaji wa Manchester aliyepokea taarifa kama hiyo, kama alitaka kujua ‘fifi’ hutamkwaje na maana yake nini, hakuwa na njia ila kumuuliza mtu wa huku.